Mvukuto upi ununue? Mwongozo kwa wahunzi wa Kisumu na Magharibi

Anayeanza uhunzi hapa Kisumu kwa kawaida hununua nyundo kwanza, kisha kipande cha reli cha kutumia badala ya fuawe, na mvukuto, yaani chombo cha kupulizia moto, huachiwa chenji inayobaki. Mpangilio huo una kasoro, kwa kuwa nyundo mbaya humchosha fundi tu, ilhali upepo mbaya humharibia chuma, na chuma kikishaungua hakuna dawa ya kukirudisha. Katika jamii nyingi za Afrika mhunzi aliogopwa karibu sawa na mganga, na vyombo vyake vya moto vilidhaniwa kuwa na nguvu zake vyenyewe. Sibishani na imani hiyo, kwani hata leo, mvukuto unapoanza kupuliza na makaa meusi yakaanza kung'aa kutoka ndani, mtoto aliyesimama mlangoni husahau alichotumwa.

Kipimo changu katika kuipanga mivukuto minne ifuatayo ni kimoja: je, fundi anaweza kuupunguza upepo upesi kama anavyouongeza? Chukua springi ya gari, ambayo mafundi wengi huifulia mapanga na visu. Inafulika vizuri ikiwa na rangi ya chungwa, karibu nyuzijoto 1,000 za Selsiasi. Ikiachwa mpaka manjano yake ikaribie weupe na kuanza kurusha cheche kama fataki, chuma chenyewe kimeanza kuungua, na panga litakalotoka hapo litameguka makali kama biskuti.

Nafasi ya kwanza naipa feni ya kuzungushwa kwa mkono, hasa ile inayotengenezwa na mafundi wetu wa jua kali kwa rimu ya baiskeli. Rimu huvuta puli ndogo kwa mkanda uliokatwa kutoka kwenye tyubu kuukuu, na puli hiyo ndiyo inayozungusha feni iliyo ndani ya kasha la bati. Ikiwa rimu ina kipenyo cha sentimita 60 na puli sentimita 5, mzunguko mmoja wa mkono huipa feni mizunguko 12, kwa hiyo hata kijana mwembamba hupata upepo wa kutosha bila kutoka jasho. Mkono ukisimama, upepo nao husimama, na makaa hupumzika wakati fundi anapopiga nyundo. Faida hii ya mwisho si ndogo kwa yeyote anayekumbuka jinsi bei ya makaa ilivyopanda serikali iliposimamisha ukataji wa miti katika misitu ya umma mwaka 2018. Kabla ya kulipa, zungusha feni kwa nguvu kisha uiachilie: beringi nzuri huendelea kuzunguka kimya, na ukisikia feni ikikwaruza kasha, basi ekseli imepinda. Kisha shika ukanda wa gazeti mbele ya mdomo wa bomba. Ukanda unapaswa kunyooka mbele ya upepo bila kupigapiga, kwa maana unaopigapiga huonyesha kwamba upepo unakuja kwa vishindo na moto wako utakuwa vivyo hivyo.

Ya pili ni feni ndogo ya volti 12 iliyotolewa kwenye gari bovu, ikiunganishwa na betri na paneli ya sola. Inamfaa fundi anayefanya kazi peke yake, mradi anunue pamoja nayo swichi ya kupunguza kasi. Kasha lake huwa la plastiki, kwa hiyo liweke mbali na tanuri, angalau mita moja ya bomba la chuma katikati.

Blowa ya umeme naiweka ya tatu, ingawa najua wengi watanipinga. Ina nguvu kupita kiasi kwa tanuri dogo, na haijui kungoja. Mimi mwenyewe niliwahi kugeuka kumjibu mteja aliyeulizia bei ya jembe, na niliporudi nikakuta nusu ya springi imekuwa kigae chenye matundu. Ukiamua kuinunua, dai iwe na kilango cha bati kinachoteleza ndani ya bomba ili upepo ubanwe. Tena umeme unapokatika, jambo ambalo hapa halihitaji maelezo, gesi ya makaa hurudi taratibu ndani ya bomba, na blowa ikiwaka tena ghafla gesi hiyo huweza kulipuka. Zima swichi mara umeme unapopotea, na ulitenganishe bomba na tanuri kabla ya kuwasha upya. Draya ya saluni, ambayo vijana huniulizia sana, haimo hata katika orodha.

Inaniuma kuuweka mwisho mvukuto wa ngozi ya mbuzi, kwa kuwa huko Samia, ambako majembe yalifuliwa kwa chuma cha milima ya hukohuko na kuuzwa hadi kwa majirani Waluo, kazi yote ilitegemea pumzi yake. Viriba viwili vikibonyezwa kwa zamu hutoa upepo laini kuliko mashine yoyote niliyotaja. Lakini vinahitaji mtu asiyefanya kazi nyingine, hukauka na kupasuka wakati wa kiangazi, na panya huvipenda. Nunua ukitaka kufundisha au kuonyesha.

Mvukuto wowote utakaochagua, usikubali kuuziwa pamoja na bomba la plastiki wala bomba la maji lenye rangi ya fedha. Rangi hiyo ni zinki, ambayo huchemka kwenye nyuzijoto 907, na moshi wake humletea fundi homa na baridi usiku huohuo. Tafuta bomba jeusi katika vibanda vya vyuma chakavu pale soko la Kibuye, na ukiona unga mweupe ukijikusanya kwenye mdomo wa bomba lililo motoni, toka nje, uache moto ufe, kisha ulibadilishe.