Uzoefu wangu wa kujenga barabara ya haraka kwa awamu: pesa ya kwanza iende ardhini

Natoa nyota nne kati ya tano. Mpango ninaoutathmini ni huu: kutwaa ardhi yote ya barabara ya haraka ya njia nne, kujenga upande mmoja wenye njia mbili, kuutumia upande huo kwa magari yaendayo na yarudiyo kwa miaka kadhaa, halafu kuongeza upande wa pili magari yakishaongezeka. Nimeutumia nikiwa upande wa mwenye mradi, tangu upembuzi yakinifu hadi kupokea vipande vilivyokamilika. Naandika kwa ajili ya yule anayeletewa na mhandisi mshauri michoro yenye mistari ya nukta iliyoandikwa "awamu ya pili", kisha akaambiwa asihangaike nayo kwa sasa. Hangaika nayo. Mchoro mzima hauna sehemu muhimu kuliko hiyo mistari.

Hesabu inaunga mkono mpango. Barabara ya njia mbili, hali ikiwa nzuri kabisa, hupitisha takribani magari madogo 3,200 kwa saa, pande zote mbili kwa pamoja. Barabara ya haraka hupitisha zaidi ya 2,200 kwa kila njia moja, na ina njia nne. Magari ya mkoa yanaweza kukaa katikati ya pengo hilo kwa miaka mingi. Ukilijaza pengo lote siku ya kwanza, unalaza chini lami ambayo jua na hewa vitaikausha na kuifanya iwe ngumu hata kama hakuna gurudumu lililoikanyaga.

Nyota ya tano inapotea kwenye namna kazi inavyogawanywa. Wengi hugawa kwa kilomita au kwa unene wa lami, kwa kuwa ndivyo bajeti inavyogawanyika. Barabara haikubali hivyo. Kuna vitu ambavyo ukivijenga nusu, ile nusu ya pili itakugharimu kuliko kama ungevimaliza mara moja: ardhi, miamba ya kukata, matuta ya udongo ya kuinua barabara yanayokaa juu ya udongo laini, makalavati, na madaraja yanayovuka juu ya barabara. Lami, gadireli (vizuizi vya chuma vya pembeni), taa na rangi vinaweza kusubiri. Fedha ya awamu ya kwanza ianze na vile visivyosubiri, hata kama kilomita za kuzindua zitakuwa chache.

Chukua ardhi. Mtu atakwambia hifadhi ya barabara ya mita 60 inatosha. Piga hesabu: njia nne za mita 3.5 ni mita 14, mabega ya nje mita 3 kila upande, mabega ya ndani mita 1 kila upande, kisiwa cha kati mita 6. Jumla ni mita 28. Tuta la kimo cha mita 8 lenye mteremko wa moja kwa mbili (kimo mita moja, upana mita mbili) linakula mita 16 kila upande. Umeshafika 60 na mitaro hujaichimba. Hifadhi ichorwe kwa kufuata nyayo za tuta na makato ya barabara iliyokamilika, pamoja na eneo la njia za kuingilia na kutokea kwenye kila makutano. Kuipiga rula upana mmoja toka mwanzo hadi mwisho ni uvivu wa usanifu. Fidia ilipwe mara moja kwa upana wote, na mipaka iwekwe nguzo za zege. Upande usiojengwa ukikaa miaka mitano bila alama, utakuta msingi wa nyumba, na fidia ya pili huwa kubwa kuliko ya kwanza. Mazao ya msimu kwa kibali cha maandishi sioni ubaya wake. Yanaifanya ardhi iwe na mwangalizi.

Miamba ikatwe upana wote awamu ya kwanza. Kulipua mwamba mita chache kutoka magari yanayopita kunamaanisha kufunga barabara kila mara, baruti kidogo kidogo, na mawe kuokotwa kwenye lami kabla ya kufungua tena. Mawe ya kato hilo pia ndiyo yanayojenga tuta la upande wa pili, kwa hiyo huhitaji shimo jingine la kifusi baadaye.

Tuta juu ya mfinyanzi laini ndipo mahali pekee ambapo awamu inakupa zawadi kweli. Udongo huo huzama kadiri maji yanavyokamuliwa kutoka ndani yake, na muda hufuata mraba wa umbali ambao maji yanasafiri kutoka: tabaka nene mara mbili huchukua muda mara nne. Jenga tuta la upande wa pili sasa, lipande nyasi, lichimbie mitaro, weka bamba za kupimia kuzama na zisomwe kila mwezi. Siku ya kuweka lami litakuwa limetulia. Ukiliacha, halafu ulimwage baadaye ubavuni mwa barabara inayotumika, uzito wake mpya utazamisha ukingo wa ile ya zamani nayo. Ufa utatokea sambamba na barabara, karibu na bega, mrefu na ulionyooka kana kwamba umechorwa kwa kamba. Kuuziba kwa lami hakutasaidia, kwa sababu chini bado kunatembea.

Pale ambapo huna budi kuunganisha tuta jipya na la zamani, kata ngazi kwenye mteremko wa zamani, kila ngazi iwe pana ya kutosha mashine ya kushindilia ipite juu yake. Toa kwanza nyasi na ule udongo mweusi wa juu. Jaza kwa tabaka zisizozidi milimita 200, kila moja ipimwe kabla ya inayofuata. Mkandarasi anayemwaga kifusi kutoka juu kikateleza kwenye mteremko hadi chini anakuachia mfuko wa udongo usioshindiliwa mahali pabaya kuliko pote.

Makalavati yawe ya urefu wote tangu mwanzo, yapite chini ya pande zote mbili. Kalavati lililorefushwa baadaye hupata nyufa kwenye kiungo kwa kuwa nusu ya zamani imeshazama na mpya ndiyo inaanza. Maji huingia hapo, hubeba udongo wa tuta, na siku moja bega linaanguka. Madaraja ya juu nayo yaruke upana wote, nguzo zikae mahali pake pa mwisho. Urefu wa kupita chini uwe na akiba ya angalau milimita 150, kwani kila tabaka la lami utakaloongeza miaka ijayo linapunguza nafasi ya malori.

Jambo la vipimo halizungumzwi sana na linauma. Gridi ya UTM, yaani mfumo wa ramani unaoigawa dunia kwa kanda, kwenye mstari wa kati wa kanda ina kipimo cha 0.9996: umbali wa ardhini huzidishwa kwa namba hiyo. Kilomita moja ya ardhini husomeka pungufu kwa sentimita 40, na kipande cha kilomita 10 kwa mita 4. Awamu ya kwanza ikisanifiwa kwa umbali wa gridi na ya pili kwa umbali wa ardhini, vipande viwili havitakutana. Kwa mhimili wa daraja wa mita 40 tofauti ni milimita 16, inatosha kuukalisha vibaya juu ya raba zinazoubeba. Nimeletewa usanifu wa awamu ya pili usio na hata sentensi moja kuhusu kipimo kilichotumika. Dai kiandikwe kwenye ukurasa wa kwanza wa michoro, na vituo vya vipimo vya zege vijengwe nje ya eneo la kazi ili greda lisiving'oe kabla awamu ya pili haijaanza.

Mwinamo wa lami ni mtego mwingine. Barabara ya njia mbili kwa kawaida huwa na mgongo katikati, maji yakimwagika pande mbili kwa asilimia 2.5. Upande mmoja wa barabara ya haraka, njia zake zote zikielekea kumoja, kwa kawaida humwaga maji upande mmoja. Ukijenga mgongo sasa, awamu ya pili itaanza kwa kukwangua lami nzuri na kuijaza upya upande mmoja. Jenga mwinamo wa mwisho tangu mwanzo. Dereva hataona tofauti, ila mtaro wa upande wa chini uwe mkubwa zaidi, kwa kuwa sasa unapokea maji ya upana wote.

Lami yenyewe nakubali iwekwe kwa hatua, kwa tahadhari. Kuahirisha tabaka la juu la milimita 50 kunawezekana kama tabaka za chini zimesanifiwa kwa uzito halisi wa malori. Majaribio ya barabara ya AASHO, chama cha maafisa wa barabara kuu wa majimbo ya Marekani, yaliyofanyika Illinois, Marekani, kati ya 1958 na 1960 yalionyesha kuwa uharibifu hupanda takribani kwa nguvu ya nne ya uzito wa ekseli. Ekseli ya tani 13 huumiza karibu mara tatu ya ile ya tani 10. Bila mizani inayofanya kazi, lami nyembamba ya "muda" itakufa kabla ya tarehe yake, na pesa ya awamu ya pili italiwa na ukarabati wa ya kwanza.

Sasa usalama, ambapo nisingempa mtu yeyote nafasi ya kubana matumizi. Barabara ya upande mmoja iliyonyooka, yenye kona za nusu kipenyo cha mita 700 na mabega mapana, inamwambia dereva kwamba yuko kwenye barabara ya haraka kamili. Anakimbia, anapita lori, na mbele anakutana na gari uso kwa uso. Nchini Ureno barabara ya IP5, kutoka Aveiro hadi mpaka wa Hispania, ilijengwa miaka ya 1980 ikiwa na upande mmoja na ikapata sifa mbaya ya ajali. Iligeuzwa kuwa A25 yenye pande mbili, kazi ikakamilika 2006. Uswidi walichukua njia tofauti. Tangu 1998, wakianza na kipande cha barabara kuu ya E4 kaskazini mwa mji wa Gävle, wamegawa barabara ya upana wa mita 13 kuwa njia tatu: upande mmoja mbili, wa pili moja, zikibadilishana kila baada ya kilomita moja au mbili, na katikati waya wa chuma uliokazwa juu ya nguzo. Vifo vilipungua kwa zaidi ya nusu. Kama awamu ya pili iko mbali, upana huo na waya huo ndio awamu ya kwanza ninayoipendekeza. Waya hugongwa mara kwa mara, kwa hiyo weka akiba ya nguzo na kikosi cha kuzibadilisha.

Makutano ya ardhini kwenye barabara ya kilomita 100 kwa saa, hata "kwa muda tu", nayakataa. Ni afadhali makutano machache yenye daraja kuliko mengi ya kukatiza.

Kuhusu wapi pa kuanzia, kila kipande kiishie pale kinapoungana na barabara iliyopo inayoweza kupokea magari yake. Kipande kinachoishia kwenye barabara nyembamba ya mji mdogo kinahamisha foleni tu na kuvunja lami ya mji huo. Michepuko ya miji itangulie. Barabara ya Pacific nchini Australia, kilomita 657 kutoka Hexham hadi mpaka wa Queensland, ilipanuliwa kipande kwa kipande kuanzia 1996 hadi 2020, na kila kipande kilichofunguliwa kilianza kusaidia bila kusubiri kingine.

Kwa mahandaki sina mengi, maana yanagawanyika vizuri yenyewe. Sehemu ya barabara ya A6 ya Kroatia ilitumika kwa upande mmoja hadi upande wa pili, pamoja na matundu ya pili ya mahandaki, ulipokamilika 2008. Acha tu nafasi ya kutosha kati ya tundu na tundu, na chimba midomo ya njia za kuunganisha mapema.

Mkandarasi wa awamu ya pili atafanya kazi ubavuni mwa kazi ya wa kwanza, na bega likibonyea kila mmoja atamnyooshea mwenzake kidole. Kabla ya kumkabidhi eneo, pimeni pamoja kimo cha ukingo wa lami kila mita 20, pigeni picha kila ufa, na wote wasaini.

Kitu kidogo cha mwisho kuomba kwenye awamu ya kwanza ni mabomba ya kupitishia nyaya chini ya lami, ya milimita 110, manne pamoja kwenye kila makutano na kila mita 500. Yawe na kamba ndani na vifuniko mwishoni, na kila ncha iwe na jiwe la alama juu yake. Siku ya kupokea kazi, usisaini kwa kuangalia mchoro: mwambie fundi avute kamba ya kila bomba kutoka upande mmoja, na mwingine upande wa pili ashike ncha aone inasogea.