Barua za Cicero: anza na zile za katibu wake

Kitabu chenyewe ni barua teule za Marcus Tullius Cicero, mwanasiasa na msemaji mkubwa wa Roma ya kale, zilizofasiriwa kwa Kiingereza. Jalada ni laini, herufi ni ndogo, kurasa zimeanza kuwa za manjano. Nimekinunua kwenye meza ya vitabu vya mtumba jirani na Soko Kuu hapa Iringa kwa shilingi 8,000, baada ya kupunguziwa kutoka 10,000. Kilikuwa kimebanwa katikati ya vitabu vya uhasibu. "Kamwene mama, hicho ni cha wanasheria," kijana muuzaji akaniambia. Nimekisoma hadi mwisho na ninasema kinamfaa yeyote aliyewahi kukaa nje ya mlango wa mkubwa akiwa na daftari na penseli, akisubiri kuitwa.

Mimi ni katibu muhtasi mstaafu. Nilisomea uhazili Tabora, nikafanya kazi Njombe, Mbeya na mwisho hapa Iringa, tangu enzi za mashine za chapa na karatasi za kaboni mpaka kompyuta zilipoingia. Najua barua inavyozaliwa. Kuna rasimu ya kwanza, ambayo mkubwa ameisema akiwa na hasira. Kuna ya pili, baada ya chai. Kuna ile inayosainiwa, ikapewa kumbukumbu namba na kwenda masijala. Wanaosoma historia hupewa hiyo ya tatu peke yake. Kwa Cicero tumebakiziwa zote tatu, na hiyo inatosha kukufanya utoe 8,000 yako.

Barua zilizosalia zinazidi 900, nyingi zikiwa zake mwenyewe na chache zikiwa za watu waliomwandikia. Rafiki yake Atticus, tajiri aliyejiepusha na vyeo, alipokea vitabu 16 vya barua hizo. Barua alizojibu Atticus hazikusalia hata moja, kwa hiyo unasikia upande mmoja wa simu, na unajifunza kukisia wa pili. Kitabu changu kimechagua sehemu tu, na uchaguzi wake kwa jumla ni mzuri.

Cicero alizaliwa mwaka 106 KK katika mji mdogo wa Arpinum, kwenye ukoo ambao haukuwahi kutoa konsuli, cheo cha juu kabisa cha serikali ya Roma. Alipanda kwa ulimi wake mahakamani. Mwaka 63 KK akawa konsuli, akavunja njama ya Catilina ya kuipindua serikali, na watu watano wa njama hiyo wakanyongwa bila kufikishwa mahakamani. Hotuba za mwaka huo zinamwonyesha kama mwamba. Halafu mwaka 58 KK adui yake Clodius akapitisha sheria dhidi ya waliowaua raia bila hukumu, na Cicero akakimbia nchi. Barua alizoandika safarini na kutoka Thesalonike ni za mtu aliyevunjika kabisa. Anamwambia Atticus kwamba anaiomba siku atakayoweza kumshukuru kwa kumlazimisha kuendelea kuishi, maana wakati ule alikuwa anajuta. Mwamba wa mwaka 63 haumo humo. Wapo wanaosema mtu wa namna hiyo ni dhaifu. Mimi nimeandika barua za wakubwa waliohamishwa vituo ghafla, na najua kwamba anayelia kwenye rasimu si lazima ashindwe kazini kesho yake.

Yupo pia Cicero wa majivuno, na kitabu hakijamficha. Anamwandikia Lucceius, mwandishi wa historia, kumwomba asimulie habari za ukonsuli wake na amsifu hata kupita kiasi ambacho historia inaruhusu. Anakiri kwamba ana kwa ana angeona aibu kuyaomba hayo, ila barua haina uso wa kuona haya. Sijasoma maelezo mafupi na ya kweli kuliko hayo kuhusu sababu ya watu kuandika badala ya kusema.

Sehemu iliyonikalisha macho ni ile ya Kilikia. Mwaka 51 KK Cicero alitumwa kuwa liwali huko, katika nchi ile ile yenye Tarso ya Mtume Paulo, na Kupro ikiwa chini yake. Akakuta mji wa Salamis wa Kupro umekopeshwa fedha kwa riba ya asilimia 48 kwa mwaka, yaani asilimia nne kila mwezi. Huku kwetu mkopo wa namna hiyo tunauita kausha damu. Mdai aliyeonekana alikuwa mtu mmoja aitwaye Scaptius. Liwali aliyetangulia alikuwa amempa cheo na askari wa farasi, naye akawatumia kuwafungia madiwani wa mji ndani ya ukumbi wao mpaka watano wakafa kwa njaa. Cicero akawaondoa askari hao na kusema kwake riba haizidi asilimia 12. Hapo ndipo barua ikaja na kufichua kwamba mwenye fedha ni Marcus Brutus, kijana anayeheshimika Roma kwa uadilifu, yule yule ambaye baadaye angemchoma kisu Caesar.

Soma barua hizo polepole. Watu wa Salamis wako tayari kulipa kwa hesabu ya asilimia 12, na hesabu hiyo inatoka talanta 106. Scaptius anataka 200. Atticus, rafiki mpenzi, anamsihi Cicero ampe Scaptius walau askari 50. Cicero anakataa, na anamuuliza Atticus kama angethubutu tena kuvisoma au kuvigusa vile vitabu vyake ambavyo Atticus huvisifu. Mpaka hapo nilikuwa nampigia makofi. Lakini watu wa Salamis walipoomba waiweke fedha yao hekaluni ili riba isimame, Cicero akaliacha jambo kiporo kwa ajili ya Scaptius, huku akijua liwali ajaye anaweza asiwe na huruma kama yake. Alikuwa na haki mkononi akaishia nusu ya njia. Kinachonifanya nimheshimu hata hivyo ni kwamba ameyaandika yote mwenyewe, pamoja na hiyo nusu aliyoshindwa. Ni wakubwa wangapi wanaacha jalada la namna hiyo nyuma yao?

Barua ya Desemba 45 KK usiiruke. Caesar, aliyekwisha kuwa mtawala wa kila kitu, anakuja kula kwa Cicero karibu na Puteoli akiwa na watu 2,000. Chakula kikawa kizuri, mazungumzo yakawa ya vitabu, siasa haikuguswa hata kidogo. Cicero anamalizia kwa kusema huyu si mgeni wa kuambiwa "karibu tena". Miezi mitatu baadaye Caesar aliuawa.

Sasa nije kwa Tiro, maana ndiye aliyenifanya niandike haya.

Tiro alikuwa mtumwa katika nyumba ya Cicero na ndiye aliyekuwa katibu wake. Mwaka 53 KK aliachwa huru, na Quintus, mdogo wake Cicero, akaandika kutoka mbali kwa furaha kwamba sasa Tiro amekuwa rafiki kuliko mtumwa. Mwaka 50 KK, Cicero akirudi kutoka Kilikia, Tiro aliugua wakamwacha Patrae, mji wa bandari wa Ugiriki. Barua zilizofuata zinakaribia kutoka kila siku. Usipande meli kabla hujapona. Usiharakishe kwa ajili yangu. Nimemwandikia rafiki yetu wa huko akupe fedha yoyote utakayohitaji, na daktari aongezewe kidogo ili akutazame kwa bidii zaidi. Halafu linakuja lile ambalo nililisoma nikakiweka kitabu chini: Cicero anahesabu huduma za Tiro kwake, za nyumbani na za mahakamani, za mjini na za mkoani, za mambo binafsi na ya serikali, za masomo na za uandishi, akasema hazina idadi, na kwamba Tiro atazizidi zote akirudi mzima.

Miaka yote ya kazi yangu nimepiga chapa mamia ya barua za kupongeza watumishi. Zote zilianza na "Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu". Sikuwahi kupiga moja iliyomtaja mtumishi kazi zake kwa namna hiyo.

Kuna barua nyingine ya mwaka 45 KK ambayo msomaji wa kawaida ataipita bila kusimama. Cicero ameandaa barua nyeti ya kumtunukia kitabu Varro, msomi mkali. Anamweleza Atticus kwamba hakumsomea Tiro, ambaye huwa anadaka sentensi nzima nzima, bali alimsomea karani mwingine, Spintharus, silabi kwa silabi. Aliyefanya hatimkato, yale maandishi ya alama fupi, ataelewa mara moja. Kiwango changu kilikuwa maneno 80 kwa dakika, Kiswahili na Kiingereza. Kwa mwendo huo mkono unafuata wazo, haufuati neno, na mkubwa akizoea hivyo husema kwa kasi anayofikiria. Siku anayoogopa kila neno lake ndipo hupunguza mwendo. Katika mstari mmoja Cicero ametuonyesha hofu yake kwa Varro na uwezo wa Tiro kwa pamoja, na maelezo ya mwisho wa kitabu hayana neno juu yake.

Plutarch, mwandishi wa kale wa Kigiriki, ameandika kwamba mwaka ule wa 63 KK Cicero aliwafundisha makarani alama fupi za maandishi, akawatawanya ndani ya Seneti wainase hotuba ya mwanasiasa Cato. Alama za namna hiyo zilikuja kuitwa kwa jina la Tiro, na watawa wa Ulaya waliendelea kuzitumia mamia ya miaka. Wanafunzi wetu wa uhazili walipaswa kulijua jina lake.

Hata hivyo sitaki msomaji atoke na picha ya nyumba yenye heri. Cicero huyo huyo alikuwa na mtumwa mwingine, Dionysius, mtunza maktaba yake, aliyeiba vitabu vingi akakimbilia ng'ambo, nchi ya Illyricum. Kuna barua inayomwomba jemadari wa huko amsake na kumrudisha. Tiro alipendwa, na Dionysius aliwindwa, na wote wawili walikuwa mali ya mtu mmoja. Nimesoma barua hizo mbili usiku mmoja, na nashauri wengine wafanye hivyo.

Barua hizi zimetufikiaje? Julai 44 KK Cicero anamwambia Atticus kwamba hakuna mkusanyo wa barua zake, ila Tiro anazo kama 70. Mwaka uliofuata, tarehe 7 Desemba, askari wa adui yake wa kisiasa, Antonius, walimuua Cicero, na kichwa na mikono vikatundikwa jukwaani Roma, pale alipokuwa akihutubia. Tiro aliishi miaka mingi baada yake, na ndiye anayedhaniwa kuzikusanya nyingi ya barua hizi, zikiwemo za watu wengine kwa bwana wake. Zile za Atticus zilipotea machoni pa watu mpaka Petrarch, mshairi wa Italia, alipozikuta Verona mwaka 1345. Katibu aliyetunza nakala ndiye aliyetuwekea serikali nzima ya Roma mezani.

Kwa hiyo kasoro yangu kubwa kwa kitabu hiki ni mpangilio. Wameziweka barua kwa tarehe, na za Tiro zimetawanyika huku na huko kama viambatisho vilivyochomoka kwenye jalada. Katika mkusanyo wa kale zimekaa pamoja, barua 27, kitabu kizima cha 16 cha mkusanyo uitwao Barua kwa Marafiki. Humu nimezikuta chache tu. Ile ya mtoto wa Cicero aliyekuwa akisoma Athene, anayemwomba Tiro ampelekee karani wa kunakili maelezo ya masomo, ipo, nashukuru. Dibaji inatumia kurasa nyingi mno kwenye vita. Ramani hakuna, na maelezo yote yamepelekwa mwisho, hivyo unahitaji alamisho mbili. Gundi ya mgongo imeachia na kurasa za katikati zimeanza kutoka, jambo ambalo kwa kitabu cha mtumba nalisamehe.

Nani akinunue? Diwani yeyote mpya, kwa ajili ya barua za Kilikia. Wanafunzi wa sheria. Na makatibu muhtasi wote, walio kazini na wastaafu, ambao waanzie kwa Tiro, waende Salamis, ndipo warudi ukurasa wa kwanza. Kiingereza chake si kigumu kwa aliyezoea nyaraka za ofisi.

Zile barua 27 zingetosha kuwa kijitabu chembamba cha Kiswahili, cha kuuzwa bei ya daftari. Nimeanza kuzifasiri hizo chache nilizo nazo, kwa kalamu, jioni. Kiingereza kinanifikisha katikati tu, kwa hiyo namtafuta mtu aliyesoma Kilatini kwenye seminari za huku kwetu, Iringa, Njombe au Mbeya, mwenye nakala ya hicho kitabu cha 16, tukae mezani tuzipitie moja moja. Kupiga chapa nitapiga mwenyewe.