Huduma ya kupima uhalisi wa michoro: rangi wanaijua, nyaraka hawazijali

Niliipelekea maabara moja mchoro wa rangi za mafuta wenye mwaka 1912 ulioandikwa nyuma ya turubai, nao walichukua chembe ndogo kuliko punje ya chumvi, wakaipima na kukuta rangi nyeupe yenye madini ya titani, ambayo mwaka huo haikuwa bado ikiuzwa kwa wachoraji. Ni kosa hilohilo lililomfichua Wolfgang Beltracchi, mghushi wa Ujerumani aliyehukumiwa mwaka 2011. Badala ya kukimbilia hukumu, walikumbuka kwamba titani ingeweza kuwa ya fundi aliyeukarabati mchoro baadaye, hivyo wakapima tena tabaka la chini kabisa, na huko pia wakaikuta. Uangalifu huo, kwa maoni yangu, ndio uliostahili malipo.

Historia ya umiliki, kwa bahati mbaya, waliinakili kama muuzaji alivyoisimulia, bila kuuliza hata swali moja. Huo ni uzembe, kwani jumba la kuuzia sanaa la Knoedler la New York, lililofungwa mwaka 2011, liliuza kwa miaka mingi michoro ya kughushi iliyosindikizwa na simulizi za mmiliki asiyetajwa jina. Kwa vipimo vya rangi nitawarudia, ila nyaraka nitazichunguza kwingine.