Vitabu vya historia ya vita vya Ulaya: kipi ununue kwanza, kipi ukirudishe mezani

Majalada ya vitabu vya vita yanafanana kama mapacha: kifaru, moshi, askari mwenye kofia ya chuma, herufi nyekundu. Jalada halikuambii kitu. Kagua mwaka kitabu kilipoandikwa, ramani zake, na toleo ulilolishika. Yote matatu unayamaliza kwa dakika tano ukiwa umesimama mbele ya muuzaji, iwe dukani au pale mitumba ilipotandazwa chini kando ya barabara.

Karibu vyote tunavyovipanga hapa ni vya Kiingereza, maana ndivyo vinavyopatikana kwetu kwa wingi.

Anza na mwaka

Fungua ukurasa wa haki za uchapishaji, ule ulio nyuma ya ukurasa wa jina. Tafuta mwaka kitabu kilipotoka mara ya kwanza, wala usidanganywe na mwaka wa chapa ya karibuni. Kitabu cha 1965 kilichovishwa jalada jipya 2015 bado ni kitabu cha 1965.

Kwa Vita vya Pili vya Dunia kuna mipaka miwili. Wa kwanza ni 1974, mwaka ambao siri ya Bletchley Park, kituo cha Waingereza cha kufumbua ujumbe wa siri, ilitoka hadharani Uingereza: kwa sehemu kubwa ya vita Waingereza walikuwa wakisoma sehemu kubwa ya ujumbe wa Wajerumani uliofumbwa kwa mashine ya Enigma. Mwandishi wa kabla ya hapo, hata awe bingwa, ama hakuijua siri hiyo ama alifungwa mdomo. Churchill aliijua vizuri sana, lakini juzuu zake sita, zilizoanza kutoka 1948, hazikuweza kuitaja. Kwa hiyo akikueleza jinsi nyambizi za Kijerumani zilivyoshindwa katika Atlantiki, kuna kipande kizima hakipo.

Mpaka wa pili ni 1991. Kabla Umoja wa Kisovieti haujavunjika, wasomaji wa Magharibi walisimuliwa vita vya upande wa mashariki zaidi na majenerali wa Kijerumani walioshindwa, na hao walikuwa na kila sababu ya kumtwisha Hitler makosa yote. Nyaraka za Moscow zilipofunguliwa, hata kwa muda tu, hesabu nyingi zilibadilika. Kitabu cha Stalingrad au Kursk cha miaka ya 1960 kinunue kama kumbukumbu ya zamani, usikitegemee.

Vita vya Kwanza navyo vina pengo lake. Aprili 1945 ndege za Uingereza ziliipiga Potsdam, na hifadhi ya nyaraka za jeshi la Ujerumani ikateketea. Baada ya Ujerumani kuungana 1990, baadhi ya karatasi zilizodhaniwa zimepotea zikaanza kusomwa. Kitabu kinachozungumzia mipango ya Ujerumani ya kabla ya 1914 bila kugusa jambo hilo kimechoka.

Kisha ramani

Hapa ndipo wanunuzi wengi huumia. Kitabu cha vita kisicho na ramani nzuri utakisoma hadi ukurasa wa 60 kisha utakiweka. Fanya jaribio hili: fungua sura yoyote ya katikati, chagua majina matano ya mahali yaliyotajwa katika ukurasa mmoja, uyatafute kwenye ramani iliyo karibu. Ukiyakosa matatu, kirudishe. Kwa kitabu cha Stalingrad tafuta Kalach. Ni mji mdogo kwenye mto Don, na karibu na hapo ndipo koleo la Wasovieti lilipofunga Novemba 1942 na kulizingira Jeshi la Sita la Ujerumani. Ramani isiyoonyesha Kalach haikusaidii kuelewa kwa nini Paulus, kamanda wa jeshi hilo, hakutoka.

Angalia pia kama ramani imechapwa katika kurasa mbili zinazotazamana. Kwenye jalada laini lenye gundi ngumu, katikati ya ramani humezwa na mgongo wa kitabu, na mara nyingi katikati ndipo mapigano yalipokuwa.

Mtego wa majina

Usiagize kwa jina la kitabu peke yake. "The First World War" ni jina la kitabu cha John Keegan (1998), na pia la Hew Strachan (2003). Strachan huyohuyo ana kingine kinachoanza kwa jina hilo, juzuu ya 2001 iitwayo "To Arms", chenye kurasa zaidi ya 1,000 na kinachoishia kwenye miezi ya mwanzo ya vita kwa mambo mengi. Ukitaka cha 2003 ukaletewa hicho, umepata tofali. "The Second World War" ni la Churchill, Keegan (1989) na Antony Beevor (2012). Andika jina la mwandishi na mwaka, kila mara.

Kinyume chake kipo pia: kitabu kimoja, majina mawili, moja la soko la Uingereza na moja la Marekani. "All Hell Let Loose" cha Max Hastings ndicho "Inferno". "Berlin: The Downfall 1945" cha Beevor ndicho "The Fall of Berlin 1945". Watu hununua vyote viwili wakidhani wameongeza rafu.

Mpangilio wetu

1. "War in European History", Michael Howard (1976). Hiki kwanza, hata kama hamu yako ni Hitler tu. Ni chembamba, hakifiki kurasa 200 katika matoleo mengi, na kinakupitisha kuanzia mashujaa wa farasi wa zama za kati, askari wa kukodiwa, wafanyabiashara wenye meli na mizinga, majeshi ya kulipwa, Mapinduzi ya Ufaransa, hadi vita vya viwanda. Hoja yake ni kwamba namna watu wanavyopigana inafuata namna wanavyolipwa, wanavyotawaliwa na wanavyozalisha mali. Ukishaishika hiyo, vingine vyote vinasomeka haraka. (Howard mwenyewe alipigana Italia na akapewa nishani ya Military Cross kwa mapigano ya Salerno, lakini hajitaji.) Ramani karibu hamna, na hapa tu ndipo tunaisamehe kasoro hiyo.

2. "The First World War", Hew Strachan, kile cha 2003. Kinakaa juu ya Keegan kwa sababu moja: kinavichukulia kama vita vya dunia kweli, pamoja na Waturuki, Balkani, bahari na Afrika. Keegan anaandika kwa ufasaha zaidi, na kurasa zake za pigano la Somme ni ngumu kuzisahau, ila macho yake hayaondoki Ufaransa kwa muda mrefu. Ukimkuta Keegan kwa nusu bei, mchukue bila kujuta.

3. "Why the Allies Won", Richard Overy (1995). Hakisimulii vita siku kwa siku. Kinauliza kwa nini upande uliokuwa umeelemewa mwanzoni mwa 1942 uliishia kushinda, na kinajibu kwa viwanda, mafuta, meli, uongozi na ari. Mnunue huyu kabla ya kitabu kinene cha Vita vya Pili.

4. "Stalingrad", Antony Beevor (1998). Pigano moja, tangu maandalizi hadi Wajerumani wa mwisho waliposalimu amri tarehe 2 Februari 1943. Kilitoka baada ya nyaraka za Kisovieti kufunguliwa na kinazitumia. Wakosoaji husema kinaegemea mateso ya askari kuliko mipango ya makao makuu, na ni kweli. Anayetaka mipango amtafute David Glantz, ajiandae kwa namba za divisheni ukurasa baada ya ukurasa.

5. "The Guns of August", Barbara Tuchman (1962). Kilipata tuzo ya Pulitzer na bado ni kitamu kuliko vyote hapa. Kimeshuka hadi nafasi ya tano kwa sababu ya umri wake na kwa sababu mwandishi aliamua kuiacha nje Austria-Hungaria na vita vyake dhidi ya Serbia, ilhali moto uliwaka huko. Kisome kwa mwezi wa kwanza wa vita, na kwa sababu za vita nenda kwa Christopher Clark, "The Sleepwalkers" (2012).

6. "A World at Arms", Gerhard Weinberg (1994, toleo la pili 2005). Kwa ukamilifu kingekuwa cha kwanza. Kwa mnunuzi anayeanza ni mlima: zaidi ya kurasa 1,000, maandishi madogo, na siasa za kimataifa zimefumwa ndani ya mapigano. Kinunue ukishavimaliza vinne vya juu, halafu ukitumie kupitia faharasa yake.

Vitabu vyembamba vya kampuni ya Osprey vyenye picha za rangi havimo kwa sababu ni aina nyingine. Mfululizo wa Campaign, kurasa 96 hivi, unafaa sana kwa pigano moja, na ramani zake zimechorwa kama mtu anayetazama kutoka angani. Mfululizo wa Men-at-Arms, kurasa 48, ni sare, vyeo na vifungo. Usiulipie ukitarajia historia.

Vya majenerali na vya tafsiri

Kumbukumbu za Guderian na Manstein, majenerali wa Hitler, hazikosekani kwenye mitumba. Usizifanye za kwanza. Guderian anajionyesha kama baba wa vita vya vifaru. Karl-Heinz Frieser, katika "The Blitzkrieg Legend" (Kijerumani 1995, Kiingereza 2005), anaonyesha kwamba ushindi wa 1940 dhidi ya Ufaransa haukutokana na mpango mkuu uliopikwa mapema wa kushinda upesi kwa vifaru. Msome Frieser kisha Guderian, na utaona jenerali anaporuka mambo. Mwandishi David Irving muache kibandani: mwaka 2000 alishindwa katika kesi ya kashfa aliyoifungua mwenyewe mahakamani London, na jaji akaeleza kwa kirefu jinsi alivyopotosha ushahidi.

Kwa "On War" cha Clausewitz, mwananadharia wa vita wa Prussia, tafsiri ndiyo kitabu. Nakala za bei rahisi zinazochapwa kwa oda hutumia tafsiri ya J. J. Graham ya 1873, nzito na ya kizamani, na toleo la Penguin la 1968 limefupishwa. Tafuta ya Howard na Paret ya 1976. "Storm of Steel", kumbukumbu za Vita vya Kwanza za Mjerumani Ernst Jünger, hali kadhalika: tafsiri ya 1929 na ya Michael Hofmann ya 2003 zinatokana na matoleo tofauti ya Kijerumani, kwa kuwa Jünger alikirekebisha kitabu chake mara nyingi. Kwa kusoma, chukua ya 2003.

Vita vya Kwanza vilipofika kwetu

Waliosikia habari za mapigano ya Tanga, Mahiwa au asili ya jina Kariakoo watataka kimoja cha upande huu. Cha kwanza ni cha Edward Paice, "Tip and Run" (2007), kinachouzwa Marekani kama "World War I: The African Front". Ni kinene, kina ramani, na kinawapa wapagazi nafasi yao. Wapagazi hao walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi kwa njaa na magonjwa. Cha pili, "Violent Intermediaries" cha Michelle Moyd (2014), kinawaangalia askari Waafrika wa jeshi la Wajerumani na familia zao kambini. Kumbukumbu za Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani huku, za 1920 zisome baada ya hivyo viwili. Ukiona kitabu cha vita hivi ambacho faharasa yake haina wapagazi hata mara moja, hicho ni hadithi ya maafisa.

Kwa Kiswahili kipo "Utenzi wa Vita vya Uhuru 1939 hata 1945" cha Shaaban Robert, kilichochapwa 1967. Ni vita vya Ulaya kwa beti za utenzi. Ukikikuta kizima, usisubiri kesho.

Ukaguzi wa nakala

Vitabu hivi huwa na picha kwenye karatasi ya kung'aa, zimekusanywa pamoja kurasa 8 au 16. Picha zikiwa kwenye karatasi ileile ya maandishi, nyuso zikiwa mabaka meusi na mistari ikipanda upande, umeshika kopi iliyodurufiwa. Pekua namba za kurasa kwenye kila kifungu: kitabu hufungwa kwa mafungu ya kurasa 16 au 32, na fungu moja likirukwa huligundui hadi ufike pale. Kunja mgongo polepole katikati. Ukisikia gundi inapasuka, kurasa zitaanza kudondoka ndani ya wiki. Nakala za Uingereza za miaka ya 1940 zilichapwa kwa karatasi hafifu ya wakati wa vita. Kwa joto na unyevu wa pwani hubadilika kuwa kahawia na kukatika pembeni.

Nakala ya kielektroniki inafaa kwa Overy na Howard. Kwa Beevor na Paice, kwenye kioo cha inchi 6 ramani hugeuka ukungu, na ukiikuza majina yanapasuka. Pakua kwanza sampuli ya bure, ufungue ramani ya kwanza, ndipo ulipe. Ukiagiza karatasi kutoka nje, kumbuka kitabu cha kurasa 900 chenye jalada laini hukaribia kilo moja na jalada gumu hupita hapo. Mwombe muuzaji uzito kamili na picha ya ukurasa wa haki za uchapishaji kabla hujatuma pesa.