Wasifu wa Kusikiliza wa Jenerali Živojin Mišić
Sehemu iliyonishika zaidi katika wasifu huu wa kusikiliza ni ya Novemba 1914, katika Vita vya Kwanza vya Dunia, pale Mišić alipokabidhiwa Jeshi la Kwanza la Serbia likiwa limechoka na kupungukiwa makombora, akalirudisha nyuma hadi karibu na Gornji Milanovac, ingawa mkuu wake, Radomir Putnik, hakuafiki, ili askari wapate kulala, kula na kungoja shehena ya silaha. Tarehe 3 Desemba aliwashambulia Waaustria-Hungaria; baada ya siku 12 mji mkuu, Belgrade, ulikuwa umekombolewa. Msimulizi hana haraka, na majina ya Kiserbia anayatamka vizuri. Kasoro yake ni kwamba sehemu ya Septemba 1918, jenerali huyo akiwa mnadhimu mkuu na safu ya adui ikavunjwa Dobro Polje, mlimani huko Makedonia, imepitiwa juujuu, nami wasifu huu niliununua kwa ajili ya sehemu hiyo.