Mkopo wa nyumba wa miaka 20: nyumba ya milioni 100 inakula shilingi ngapi mpaka umalize?

Nyota tatu kati ya tano. Huduma ya watu wa benki naipa nne, maelezo ya gharama naipa mbili. Jina la benki sitalitaja kwasababu haya ninayoyasema ukienda benki ya jirani utakutana nayo vilevile, kinachobadilika ni rangi ya fomu tu. Mimi na mume wangu tulichukua mkopo wa kununua nyumba iliyokwisha jengwa, pembezoni mwa Dar, bei milioni 100, tukatoa kianzio asilimia 20 yani milioni 20 na benki ikaweka milioni 80, riba asilimia 16 kwa mwaka inayohesabiwa kwenye deni lililobaki, muda miaka 20.

Nianze na mazuri maana yapo na yana uzito. Benki haitoi hela kwenye ardhi yenye kesi, kwahiyo kabla ya kila kitu wakapeleka wakili wao kufanya upekuzi wa hati ardhi, wakaleta mthamini, wakataka kuona kodi ya pango la ardhi imelipwa, wakaangalia hati imebaki miaka mingapi, na kwakuwa muuzaji ana mke wakataka ridhaa ya mke wake kwa maandishi. Kwa mji kama Dar ambao kiwanja kimoja kinaweza kuuzwa kwa watu wawili watatu, hiyo kazi peke yake ina thamani kubwa sana, watu wanapoteza akiba ya maisha yao yote kwa kukosa hatua hizo. Dada aliyetuhudumia alikuwa mstaarabu, meseji anajibu, hakutuzungusha. Hapo sina neno.

Shida inaanza kwenye namba wanayokuonyesha. Kila mahali, kwenye bango, kwenye kipeperushi, mdomoni kwa afisa mikopo, unasikia rejesho la mwezi tu. Kwa mkopo wetu ni kama shilingi 1,113,000 kwa mwezi, na ukilinganisha na mishahara miwili unaona aah, tunaweza. Hakuna mtu aliyetamka namba ya pili mpaka tulipoiomba. Namba ya pili ndo hii: 1,113,000 mara miezi 240 ni shilingi milioni 267 na ushee. Umekopa 80 unarudisha 267, riba peke yake ni milioni 187. Jumlisha kianzio cha 20 uone, nyumba ya milioni 100 imekuwa ya milioni 287, na hapo hatujagusa ada wala bima.

Tuliomba jedwali la marejesho, ile karatasi inayoonyesha mwezi kwa mwezi kiasi gani kinaenda kwenye riba na kiasi gani kinapunguza deni lenyewe. Tuliandika email moja baada ya nyingine ndo ikaja, na nasema kwa uchungu kabisa hiyo karatasi ilitakiwa iwe ya kwanza mezani, kanuni za Benki Kuu za 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinataka mteja aelezwe gharama kabla hajasaini. Ukiipata itazame mstari wa kwanza. Asilimia 16 ya milioni 80 ni milioni 12.8 kwa mwaka, gawa kwa 12 ni kama 1,066,700 kwa mwezi, kwahiyo kwenye rejesho lako la kwanza la 1,113,000 kinachopunguza deni ni shilingi elfu 46 tu. Elfu 46! Mwaka mzima wa kwanza mnalipa zaidi ya milioni 13.3 na deni linashuka kwa kama laki sita, mnabaki na deni la milioni 79.4. Mkifika mwaka wa kumi mmeshalipa milioni 133 na bado mnadaiwa milioni 66. Deni linafika nusu, yani milioni 40, karibu na mwisho wa mwaka wa 16.

Hakuna wizi hapo, naomba nieleweke. Hesabu iko sahihi, riba inatozwa kwenye deni lililobaki, na deni likiwa kubwa riba inakula rejesho lote. Lakini mtu anayepanga kuuza nyumba baada ya miaka mitano ahamie mkoa mwingine lazima alijue hili kabla, kwasababu atakuta karibu deni lote liko palepale.

Sasa hapa ndo pa kukaa kitako, maana wengi tunapigania riba ipungue halafu miaka tunaiachia benki ituchagulie. Riba ikishuka kutoka 16 mpaka 14, miaka 20 ileile, rejesho linakuwa kama 995,000 na jumla inakuwa milioni 238.8, umeokoa milioni 28. Sio haba. Lakini iache riba hiyohiyo ya 16 halafu kata miaka kutoka 20 hadi 15, rejesho linapanda kutoka 1,113,000 hadi 1,175,000, yani unaongeza elfu 62 tu kwa mwezi, na jumla inashuka mpaka milioni 211.5. Umeokoa milioni 55 na nusu kwa elfu 62 ya kila mwezi! Miaka 10 rejesho ni 1,340,000 na jumla milioni 160.8. Afisa atakwambia chukua miaka mingi upate nafuu ya mwezi, na kweli nafuu ipo, ila kwa riba zetu hizi nafuu ya kutoka miaka 15 kwenda 20 ni elfu 62 na bei yake ni milioni 55. Kama kuna kitu kimoja tu utakiuliza benki, uliza jumla ya miaka 10, 15 na 20 ziandikwe kwenye karatasi moja.

Kuhusu ada. Ada ya kuandaa mkopo kwetu ilikuwa asilimia moja na nusu, hapo milioni 1.2, kuna mthamini, kuna wakili, kuna kusajili dhamana ardhi, kuna bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba yenyewe ambayo unaikata upya kila mwaka. Hizi zote ni halali na bima ya maisha mimi naipenda, mmoja wetu akiondoka watoto hawatolewi ndani. Kinachonikera ni lile neno tamu la "msijali, tutaziingiza kwenye mkopo". Tupige hesabu, gharama ya milioni 2 ukiiingiza kwenye mkopo wa asilimia 16 wa miaka 20 utailipa kama milioni 6.7 mpaka mwisho. Sisi tulikataa, tukasubiri kidogo tukalipa taslimu. Kodi ya jengo sitaiongelea sana, inakatwa kwenye LUKU ya umeme kila mwezi na kwa nyumba ya kawaida ni shilingi 1,500, haikuumizi.

Kipengele cha riba kubadilika kisome mara mbili. Mkataba wetu unasema benki inaweza kubadili riba kwa kutoa notisi. Watu wanadhani riba ikipanda watarefushiwa muda tu rejesho libaki lilelile, lakini angalia, mwaka wa pili unadaiwa milioni 79.4, riba ikienda 18 basi riba ya mwezi mmoja tu ni kama 1,191,000, rejesho lako la 1,113,000 halitoshi hata riba! Kwahiyo kurefusha muda hakusaidii, lazima rejesho lipande, zaidi ya laki moja kwa mwezi. Familia inayojibana mpaka shilingi ya mwisho kufikia rejesho la kwanza haina pa kupumulia hapo. Ombeni muandikiwe riba inaangalia nini ikipanda au kushuka, na notisi ni ya siku ngapi.

Na jingine, ukitembea kuulizia utasikia mahali wanakwambia riba asilimia 10 tu. Muulize, 10 ya deni lililobaki au 10 ya mkopo wote wa mwanzo mpaka mwisho? Maana milioni 80 kwa asilimia 10 inayohesabiwa kwenye mkopo wote kila mwaka kwa miaka 10 ni riba milioni 80, jumla 160. Na milioni 80 kwa asilimia 16 ya deni linalopungua kwa miaka 10 tumeona ni 160.8. Kumi na kumi na sita, bei ni ileile! Ndo maana nasema riba iliyoandikwa bangoni usiibebe kichwani, beba jumla.

Kwanini kwetu ni ghali hivi? Benki zetu hela nyingi zilizonazo ni amana za watu za muda mfupi, leo naweka kesho natoa, na huwezi kukopesha miaka 20 kwa hela ambayo mwenyewe anaweza kuja kuichukua mwezi ujao. Ndo sababu ikaanzishwa TMRC mwaka 2010, kampuni inayozikopesha benki hela za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba, na sheria ya mikopo ya nyumba ilipitishwa 2008. Imesaidia kwenye muda, miaka 15 mpaka 25 sasa inapatikana wakati zamani haikuwepo, lakini riba za mikopo hii kwa miaka mingi zimekuwa zikizunguka kati ya 13 na 19. Ndugu zetu walioko Marekani wanatwambia chukueni mkopo, deni linaliwa na mfumuko wa bei, yani hela inapungua thamani mwaka hadi mwaka na deni linakuwa jepesi. Kwao sawa. Milioni 80 kwa asilimia 7 kwa miaka 30 unalipa jumla kama milioni 192, ni ndogo kuliko 267 yetu ya miaka 20! Na mfumuko wa bei hapa miaka ya karibuni umekuwa kama asilimia 3 hivi, riba 16, sasa deni litaliwa na nini.

Kuna wanaoniuliza si bora kupanga na kujenga kidogokidogo. Kwa wengi jibu langu ni ndiyo, na silisemi kwa wepesi. Nyumba kama yetu mtaa huu inapangishwa laki tano na nusu hivi, na riba ya mwezi wa kwanza ni milioni moja na elfu sitini na sita na ushee. Mtu mwenye kiwanja chenye hati, anayeweza kusimamia fundi mwenyewe, akanunua tofali na nondo kila akipata, akapandisha boma, akahamia vyumba viwili vikiwa tayari, anaokoa hela nyingi sana. Hasara yake ni kwamba boma linaweza kukaa miaka, saruji inapanda, fundi anakimbia, na unalipa kodi ya nyumba muda wote huo. Sisi kazi zetu hazituruhusu kusimamia ujenzi, na mwenye nyumba wetu wa zamani alikuwa anauza, tukaamua. Wanaokwepa riba kwa ajili ya dini kuna benki za Kiislamu, Amana ilikuwa ya kwanza nchini mwaka 2011, hao wananunua mali halafu wanakuuzia kwa faida inayojulikana toka mwanzo, kwahiyo angalau jumla unaiona siku ya kwanza. Nayo ilinganishe na jumla nyingine vilevile.

Mkopo huu unamfaa mwenye kipato cha uhakika, anayeweza kuvumilia rejesho likipanda, na ambaye kila mwezi au kila bonasi atakuwa na kitu cha kuongeza. Hicho cha kuongeza ndo kinageuza kila kitu. Kwenye mkopo wa milioni 80 ukiongeza laki moja tu kila mwezi kuanzia mwanzo, unamaliza kwa miaka 13 na miezi kama minne badala ya 20, na jumla inashuka mpaka karibu milioni 194, yani milioni 73 zinabaki kwako. Ila uliza kabla hujasaini kama kuna faini ya kulipa mapema. Sisi ilikuwemo, tukaomba iondolewe kwa malipo ya ziada yasiyofuta mkopo wote na wakakubali, kwahiyo inawezekana, semeni.

Halafu ukilipa hela ya ziada usiiweke tu kwenye akaunti ukadhani imeshapunguza deni. Benki yetu inaiacha inakaa pale ikisubiri rejesho la mwezi ujao, deni halisogei. Lazima uandike barua kila unapolipa, useme hii ipunguze deni la msingi na muda ufupishwe, rejesho libaki lilelile, halafu udai jedwali jipya lenye tarehe mpya ya mwisho. Kopi ya barua igongwe muhuri wa kupokelewa, uondoke nayo.