TAHADHARI: "Betri la silikoni" na paneli ya wati 300, Kariakoo

Wadau wa sola, soma hii kabla hujashuka Kariakoo. Nimepigwa 480,000 mchana kweupe, na mita ya kupimia umeme nilikuwa nayo kwenye begi.

Ni fremu ndogo kwenye vichochoro vya kuelekea Msimbazi. Kijana mchangamfu, "karibu bosi, mzigo umeshuka jana." Akanitolea paneli ya "300W" na betri la lithiamu, 12V 100Ah. Kilichoniponza ni maelezo yake: eti ndani ya betri ni silikoni tupu, inabeba chaji mara kumi ya lithiamu za kawaida. Nikajua huyu kasoma.

Na kweli kuna mahali kaokota hiyo mara kumi. Kwa uzito uleule, silikoni hubeba lithiamu karibu mara kumi kuliko grafaiti inayotumika upande hasi wa betri. Ila ikishiba inavimba hadi kukaribia mara nne ya ukubwa wake, halafu inapasukapasuka, ndiyo maana viwandani huchanganya kidogo tu na grafaiti. Silikoni tupu ya kuzungushia feni kwangu Kivule, kwa bei ile? Thubutu.

Paneli aliipima juani mbele yangu: volti 21. Nikaridhika, mjinga mimi. Volti hutokana na idadi ya vile vipande vyeusi. Kimoja hutoa kama 0.6, na vikiwa 36 hata kipaneli cha wati 10 kitasoma 21! Mwambie apime ampea. Wati 300 za mfumo wa 12V, jua la saa sita, waya zikishotishwa kwenye mita, zikaribie 16 (mita iwe ya ampea 20, ya 10 utaunguza fyuzi). Yangu nyumbani ilisoma 5.4. Huna mita, nenda na tepu. Mita moja ya mraba ya paneli nzuri ya silikoni hutoa wati 200 na kidogo. Yangu ni mita 1 kwa sentimita 67, hata uibandike stika gani haifiki 150.

Usiku umeme ukakatika. Feni, tivii na taa tatu, betri halikumaliza saa moja. Fundi akalifungua (usijaribu mwenyewe, lithiamu ikishoti inawaka): vijibetri 24 vya laptop za zamani, na pembeni mfuko wa mchanga uliofungwa kwa selotepu. Kumbe ndio ulionifanya nilione zito dukani. Silikoni asili yake ni mchanga, kwa hiyo kijana hakudanganya sana.

Risiti ya EFD sikudai, alinipunguzia elfu ishirini nikanyamaza. Namba yake haipatikani tena. Jumamosi nimerudi pale, fremu inauza kava za simu, na dada aliyepo anasema kaingia juzi.